Mbunge Aliyekataa Kuchoma Daftari

Kiswahili chake alikipata kwa askari wa getini, kwa hiyo hakujua kuomba. Alijua kuamuru tu. "Wewe! Kuja hapa! Keti!" Ndivyo alivyomkaribisha mkuu wa kitivo chetu nyumbani kwake, na mkuu wa kitivo, mtu aliyesoma ng'ambo akarudi na tai za hariri, aliketi kabla hajatambua kuwa ameketi. Askari aliyemfundisha alikuwa mstaafu wa jeshi la Waingereza, mtu wa kaskazini kama baba yangu, na lugha yake yote ilikuwa ya uwanja wa gwaride. Mwanafunzi wake Mzungu aliipokea kama alivyopewa. Kwa lugha hiyo alinunua nyanya, alifukuza mbwa, alisalimia maaskofu.

Tulimwita Mbunge. Jina lake nalijua, lakini sitaliandika, wala sitaandika jina la mtu mwingine yeyote katika kurasa hizi. Atakayesoma hadi mwisho ataona sababu. Kwao Uhispania, kabla majenerali hawajaipindua jamhuri, alikuwa profesa wa historia ya sheria, kisha mbunge, kisha kwa miezi michache naibu waziri. Jamhuri ilipoanguka alivuka milima kwa miguu akaingia Ufaransa, akafungwa kambini kwenye mchanga wa pwani, akafundisha katika nchi mbili tatu ambazo hazikumtaka sana, na mwishowe, nywele zikiwa zimekwisha kuwa nyeupe, akaja Kampala kwa mkataba wa miaka miwili. Alikaa kumi na mitano. Alizaliwa kijiji gani, na kwa mama yupi, sijui. Hakupenda kuulizwa, na mimi sikupenda kuuliza.

Nasema mapema kwamba naandika nikiwa na hasira. Nimefika umri wa kati, nina wanafunzi wangu mwenyewe na miwani ya kusomea, na watu wa umri wangu husema hasira hupoa. Yangu haikupoa.

Chuo kilimpa nyumba kilimani, yenye bustani na mtumishi. Aliikataa. Alipanga vyumba viwili Mengo, nyuma ya duka la mafuta ya taa, ili awe, alivyosema, karibu na watu wanaogombana. Alinyoa ndevu mara mbili kwa siku hata sabuni ilipoadimika mji mzima na sisi wengine tukanawa kwa majani ya mpapai. Alivaa koti jeusi kwenye joto la Februari. Hakuamini Mungu, na kila Jumapili alisimama nje ya kanisa kubwa, kofia mkononi, akisikiliza kwaya mpaka wimbo wa mwisho, na akitokea mchungaji kumkaribisha ndani, alimjibu, "Hapana! Rudi kazini!" Alifundisha kwamba uhuru ni kumsikiliza mpinzani hadi amalize, na mezani kwake hakuna mtu aliyewahi kumaliza sentensi.

Chini ya kitanda chake palikuwa na jozi ya viatu vipya, vya ngozi nyeusi, ambavyo havijawahi kugusa ardhi. Vilikuwa vya kuingilia kwao. Siku Jenerali wa kwao atakapoondoka, Mbunge angevivaa, asikanyage nchi yake na vumbi la uhamishoni. Kila baada ya miaka michache ngozi ilipasuka kwa kukaa bure, naye alinunua jozi nyingine. Tulimtania kwamba ni mtu pekee Kampala anayechakaza viatu bila kutembea. Alicheka nasi, kisha akatutaka tutoke.

Na kila mwezi aliandika barua kwa serikali yake. Ilikuwapo, ndiyo: wazee wenzake katika mji wa mbali, wakiwa na rais, mawaziri na ajenda, wakifanya vikao katika chumba cha kupanga. "Serikali yangu haina jeshi, haina ushuru, haina hata mtaa mmoja," alituambia darasani kwa Kiingereza chake kizito. "Kwa hiyo ndiyo serikali pekee duniani ambayo mwaka huu haijamwua mtu." Tulicheka kwa sauti ya chini. Kwetu pia alikuwapo Jenerali, na ilikuwa miaka ya watu kutiwa kwenye buti za magari mchana kweupe, mbele ya maduka yaliyobaki matupu tangu Wahindi walipofukuzwa.

Sasa niseme juu ya Jumatano.

Kila Jumatano saa nane mchana semina yetu ya historia ya sheria iligeuka bunge. Tulikuwa kumi na wawili. Mwanzoni mwa kila muhula Mbunge alizungusha kofia yenye vikaratasi, kila mtu akachukua cheo chake: Spika, Waziri Mkuu, Kiongozi wa Upinzani na wengineo. Ukarani tu haukupigiwa kura. Alinipa mimi, msichana pekee darasani, kwa sababu ya mwandiko wangu, na nikabaki nao miaka miwili.

Kikao kilianza kwa kuita majina. Hapo aliacha Kiingereza akashika Kiswahili chake, lugha pekee aliyojifunza Uganda na aliyojivunia kama watoto wanavyojivunia jino jipya. Karani aliita jina lako lote: lako, la baba yako, la babu yako. Ulisimama, mikono ubavuni kama askari wake alivyomwonyesha, ukajibu, "Nipo." Ukichelewa, ulirudia. Ukiinuka nusu, ulirudia. "Bunge linaanza na miguu," alisema. "Mtu ambaye hawezi kusimama anapoitwa, akiitwa na historia atafanya nini?" Kufikia mwaka wa pili hatukuwa tukifikiri tena. Jina likitamkwa, miguu iliinuka yenyewe.

Kisha nikaandika. Kila kilichosemwa, na nani amekisema, kwa jina kamili. Ikiwa watu wamecheka, niliandika kwenye mabano kwamba wamecheka. Kitu kimoja tu alikataza. "Salamu hatuandiki, Karani. Tunaandika hoja." Daftari lilikuwa kubwa, la jalada jekundu, jina langu likiwa mbele kama mwandishi, na lililala kwenye mtoto wa meza ofisini kwake. Kufuli yake ningeweza kuifungua kwa pini ya nywele.

Muhula wa mwisho Kiongozi wa Upinzani alikuwa kijana wa Mengo, mtoto pekee wa mama yake. Alikuwa mwembamba, mwenye shingo ndefu, na alibishia kila kitu, hata idadi ya wadudu kwenye maharage ya bwenini. Mimi nilikulia kwenye laini za polisi, makazi ya familia za askari. Baba Mkatoliki, mama Mwislamu, na Kiswahili ndiyo lugha iliyotuweka pamoja mezani. Kwa Waganda wengi wa darasa letu hiyo ilikuwa lugha ya bunduki. Yeye aliamua kuifanya mzaha.

"Afande Karani," aliniita, akipiga saluti ya kushoto. "Umeandika ile nukta yangu ya tatu?"

"Hukuwa na nukta ya tatu."

"Basi niandikie moja, afande, nzuri. Wewe si serikali?"

"Serikali ni baba yangu. Mimi ni karani."

"Haya, mpe baba salamu. Mwambie asinipige."

Siku nilipopata malaria ni yeye aliyeniletea uji kutoka kwa mama yake, kwenye chupa ya chai iliyofungwa kwa kitambaa. Alisema amemwambia mama yake kuna binti wa kaskazini anayekula kama binadamu. Ndivyo mama yule alivyonijua kwa mara ya kwanza.

Jumatano moja mjadala ulihusu jamhuri za kale. Ilipofika zamu ya Upinzani alisimama akasema maneno ambayo niliyaandika, nikayasoma kwa sauti kikao kilichofuata kama kanuni ilivyotaka, na ambayo sijaweza kuyasahau:

"Mheshimiwa Spika, sina hoja ndefu. Jirani yetu, fundi cherehani, alichukuliwa Jumanne akiwa miguu mitupu. Kandambili zake bado ziko mlangoni. Naomba Waziri Mkuu aniambie, aliko sasa amepewa viatu?"

Waziri Mkuu wetu, kijana mnene kutoka Jinja, alijibu kwamba swali limepokelewa na litashughulikiwa kwa wakati wake. Tukacheka. Niliandika kwamba tulicheka.

Baada ya kikao nilibaki. Nilimwambia Mbunge kwamba ukurasa ule si wa jamhuri za kale, na kila mtu amejua. Nikamwomba niandike vyeo tu, niache majina. Alinitazama kana kwamba nimemwomba avue nguo.

"Bunge bila majina ni uvumi," alisema. "Andika."

Nikaandika. Nataka lieleweke hilo. Hakuna aliyenishika mkono. Nilikuwa na miaka ishirini na mmoja, mtu aliyekuwa naibu waziri ameniambia andika, nami nikaandika kwa mwandiko wangu mzuri.

Wiki mbili baadaye nilikwenda nyumbani kula chakula cha Jumapili. Baba yangu, sajini wa kituo kidogo, alisubiri mama aingie jikoni ndipo akaongea, akitazama sahani.

"Huyo mzee wenu Mzungu ana kitabu?"

"Kitabu gani, baba?"

"Mimi sijui kitabu gani. Watu wa miwani nyeusi wameuliza. Si polisi. Polisi hatuulizwi siku hizi, tunaambiwa." Akala matonge mawili. "Kama iko kitabu, mwanangu, kesho isiwepo. Imetosha. Leta maji ninawe."

Jumatatu asubuhi nilikuwa mlangoni kwa Mbunge kabla hajamaliza kunyoa. Nilimweleza yote. Nilimwomba lile daftari nilichome mimi, kwenye jiko la mkaa la mwenye duka, hata kuangalia asiangalie. Alifuta povu shingoni, akakaa kitandani, juu ya vile viatu vyake, na kwa mara ya kwanza akanisimulia jinsi alivyovuka milima.

Ndani ya koti, alisema, alikuwa na daftari la kamati yake: mamia ya majina, nani alikuwa wapi, nani alionekana lini mara ya mwisho. Karibu na mpaka wenzake walimwambia akikamatwa nalo, jamaa za wale watu wataangamia. Wakawasha moto kwenye theluji. Alilichoma karatasi moja moja, na kwa sababu ilikuwa baridi, alipasha mikono. Kambini wakaanza kuja wajane. Mume wangu alikuwa kwenu? Alikuwa hai wakati wa baridi? Alikuwa na kaka yake? Hakuwa na la kujibu. Jenerali akatangaza kwamba watu wale hawajawahi kuwapo, na hapakuwa na karatasi hata moja duniani ya kumbishia.

"Yeye aliwaua mara moja," aliniambia. "Mara ya pili niliwaua mimi. Sitachoma tena daftari la majina. Lako wala la mtu yeyote."

"Basi tulifiche."

"Bunge halifichwi."

Jibu lake ninalo leo, na limenichelewea miaka mingi: wajane wako walikuja kuulizia wafu, Mheshimiwa. Sisi tulikuwa hai. Ulichukua dawa ya msiba wa kwenu ukatunywesha sisi ambao msiba wetu ulikuwa bado uko njiani, unatafuta anwani. Ukaupa anwani.

Walikuja Jumatano ya wiki hiyo, saa nane na dakika chache, watu watatu wenye mashati ya maua na viatu vya soli nene. Mmoja alikuwa tayari na daftari jekundu mkononi. Walikuwa wamevunja ofisi wakati wa chakula. Mbunge alisimama mbele yao akasema, "Wewe! Toka!" na yule mwenye daftari akacheka, akamsukuma pembeni kwa kidole kimoja.

"Karani iko wapi?"

Nikasimama.

"Wewe mutoto ya nani?"

Nikataja jina la baba na laini zetu. Aliangalia jalada, akaniangalia mimi, akaangalia wenzake.

"Huyu dada yetu," alisema. "Keti, dada."

Nikaketi. Watu kumi na mmoja waliniona nikiketi.

Kisha akafungua ukurasa na kuanza kusoma, polepole, kidole chini ya neno, kama mwanafunzi wa darasa la pili. Alisoma jina la kijana wa Mengo: lake, la baba yake, la babu yake. Hakuuliza nani. Hakuwa ametukagua nyuso wala hakujua yupo darasani. Hata leo naamini alikuwa anajaribu tu kama anaweza kulitamka. Na yule mwenzetu, miaka miwili ya Jumatano ikiwa imo miguuni mwake, akainuka, mikono ubavuni.

"Nipo," akasema.

Nilimwona usoni alipotambua alichofanya. Aliangalia chini, kana kwamba miguu ile ni ya mtu mwingine.

"Vizuri," yule mtu akasema, naye alishangaa kidogo. Akasoma tena. "Hapa imeandikwa watu walicheka. Nani alicheka?"

Kisha kutoka pembeni Mbunge akasema, "Mimi. Mimi nilicheka. Andika."

Wakawachukua wote wawili.

Mbunge walimrudisha baada ya siku mbili. Alinieleza mwenyewe, ameukabili ukuta: walipomhoji alisahau Kiingereza chote akabaki na Kiswahili cha gwaride, na alipomfokea afisa wao, "Simama sawasawa! Funga kifungo!" walicheka mpaka machozi, wakawaita wenzao waje wasikie, wakampa soda, wakampeleka nyumbani kwa gari. Kijana wa Mengo Kiswahili chake kilikuwa cha mzaha na saluti ya kushoto. Hakurudi. Mwili haukupatikana. Lugha ileile iliyomwokoa mzee, na iliyoniketisha mimi, yeye haikumjua.

Hapo ndipo hasira yangu inapokaa, ndani ya miaka minne mizima iliyofuata. Maana darasani walikuwa wameona jambo moja tu: binti wa polisi aliandika majina, watu wakaja na majina, binti wa polisi akaambiwa keti, dada. Habari ilimfikia mama wa yule kijana kabla ya jua kuchwa. Nilipokwenda kumpa pole alifungua mlango, akaniangalia kuanzia kichwani hadi miguuni, akasema kwa Kiganda, "Chupa yangu ya chai unayo bado?" Nilikuwa nayo. Aliipokea akafunga mlango. Baadaye, nikikutana naye sokoni, alihamia upande wa pili, na wanawake wengine wakahama naye.

Kulikuwa na mtu mmoja ulimwenguni aliyejua kwamba niliomba majina yaachwe na kwamba nilibeba onyo hadi mlangoni kwake. Mtu huyo aliishi Mengo, umbali wa kutupa jiwe kutoka nyumba ile. Aliacha kuendesha semina. Alitafsiri mambo ya kale, alifundisha Kifaransa mtoto wa daktari, na kila asubuhi, akienda kununua mkate, alizunguka kwa njia ya chini, kwenye matope, ili asipite mbele ya mlango wa mama yule. Nilimfuata siku moja nikaona kwa macho yangu. Mtu aliyevuka milima kwenye theluji hakuweza kuvuka barabara ya Mengo.

Nilimwandikia barua mbili. Hakujibu, yeye aliyeijibu kila barua ya serikali isiyokuwapo.

Nilimaliza shahada, nikapata kazi ya ualimu upande wa Kyambogo, na mwaka wa pili wa kazi nikasikia redioni kwamba Jenerali wa kwao amekufa. Alikufa kitandani, amezungukwa na madaktari. Mwaka mwingine ukapita. Jumamosi moja alasiri nilikuwa Kansanga kununua chaki kwa mlanguzi, nikamwona anatoka kwa mpiga picha, amezeeka ghafla, koti limekuwa kubwa kwake. Mkononi alikuwa na picha ndogo nne za pasipoti. Na miguuni, kwenye vumbi letu, alikuwa amevaa vile viatu vya kuingilia kwao. Vilikuwa vikilia kwa upya.

"Karani," akasema.

"Unaondoka."

"Jumanne. Wamesema tunaweza kurudi. Kutakuwa na uchaguzi." Alisema neno hilo kama mtu anayejaribu jino kwa ulimi.

"Kabla ya Jumanne kuna leo," nikamwambia. "Twende Mengo."

"Mimi nakaa Mengo."

"Unajua ninakosema."

Alitazama picha zake. Nilidhani ataniamuru nitoke. Nilikuwa nimejiandaa, nilikuwa na maneno ya miaka minne mdomoni, na mengine hayafai kuandikwa na mwalimu. Badala yake alitia picha mfukoni akanyoosha mkono kusimamisha teksi, na njia nzima vile viatu vikalia kila aliposogeza mguu.

Mama yule alikuwa anachambua mchele uani. Aliponiona mimi alitaka kuinuka aingie ndani. Alipomwona nyuma yangu Mzungu mzee akiinama kuvua viatu mlangoni pake, kwa taabu, akishikilia ukuta, alibaki alipokuwa.

"Ndiye huyu?" aliniuliza kwa Kiganda. Ilikuwa mara ya kwanza kunisemesha tangu ile chupa.

"Ndiye, nnyabo," nikamwitikia kwa heshima ya kwao.

Mbunge alisimama juu ya mkeka kwa soksi. Alianza kwa Kiingereza, akaacha. Kisha akatumia kile Kiswahili chake.

"Mama. Huyu msichana alisema ficha jina. Mimi nilikataa. Alisema kitabu choma. Mimi nilikataa. Mimi najua hatari, mimi nilikataa. Kosa si yake. Kosa ya mimi."

Nilifasiri. Huo ndio uliokuwa usafishaji wa jina langu, nilioungojea miaka minne, na ilinibidi niutamke kwa kinywa changu mwenyewe, kwa lugha ya mama yule, sentensi baada ya sentensi, bila kuongeza wala kupunguza, kama karani.

Mbunge aliendelea kusimama. Nilimwona akitafuta neno. Yule askari wa getini, katika masomo yake yote, hakuwahi kumfundisha namna ya kuomba. Alipapasa, akafungua mikono, akafunga.

"Mama," akasema mwishowe. "Wewe amuru. Mimi nasikia."

Mama yule aliweka ungo chini. Kiswahili chake kilikuwa cha maneno machache, ya vizuizi vya barabarani.

"Keti," alimwambia.

Akaketi.

Kisha mama akanigeukia mimi. Hakuniomba radhi. Sikuwa nimekwenda kwa ajili hiyo, ingawa nilikuwa nimekwenda kwa ajili hiyo. Alisema, "Wanasema wewe ndiye uliyeandika. Basi unajua. Mwanangu alisema nini?"

Daftari hatukuliona tena, lakini sikulihitaji. Nikaanza kama kanuni inavyotaka, kwa kuita waliokuwapo, majina kumi na mawili, nikielekea kwenye maneno yake. Nilipofika kwenye jina la mwanawe nikalitamka lote, lake, la baba yake, la babu yake. Mbunge, ambaye Kiganda hakijui hata kidogo, alilitambua katikati ya maneno yale mengine, akainuka wima, soksi zake kwenye mkeka, mikono ubavuni.

"Anaondoka?" mama akauliza.

"Hapana, nnyabo."

"Basi mwambie akae. Hatujamaliza."

Nikasoma kutoka kichwani. Mheshimiwa Spika, sina hoja ndefu. Fundi cherehani. Miguu mitupu. Kandambili mlangoni. Nilisema hata kwamba tulicheka. Na nilipokuwa nikisema, hasira yangu ilipanda kuliko siku zote, kwa sababu niliuona uso wa mama yule ukinywa kila neno, na nikajua kwamba maneno yale yamo kichwani mwangu kwa kuwa mzee huyu alinilazimisha kuyaandika. Mzee kuwa sahihi namna hiyo, mbele ya mwanamke yule, niliona ni ufidhuli. Bado naona hivyo.

Nilipomaliza mama alitikisa kichwa.

"Hakuanza hivyo," alisema.

"Ndivyo nilivyoandika, nnyabo."

"Umeandika vibaya. Mimi nilimlea. Hawezi kusimama mbele ya watu akaanza kusema tu, kama mbuzi. Salamu yake iko wapi?"

Nikakumbuka. Alikuwa amesalimia. Kabla ya Kiingereza chote, kabla ya Mheshimiwa Spika, aligeuka akatuinamia sote kidogo, shingo ndefu ile, akasema kwa lugha ya kwao, "Musiibye mutyanno, bassebo ne bannyabo," mmeshindaje, mabwana na mabibi, nasi tukamwitikia. Mimi nilikuwa nimeinua kalamu, nangoja amalize, kwa sababu salamu hatuandiki.

"Alisalimia," nikasema.

"Ndiyo. Sasa anza tena."

Mbunge alituangalia, mmoja baada ya mwingine, hajui tumefika wapi. Sikumfasiria. Mama alirudisha ungo mapajani, akaweka mikono juu ya mchele, akangoja. Nikainama kidogo kama alivyoinama, nikaanza tena, na salamu.